Maji ya Sanduku la Kioo

Zuzu, Dodoma
8 Juni 1913

Dada yangu Ruthu,

Mbukwa, na shikamoo. Mama ni mzima ila goti linamsumbua, nami ni mzima. Barua hii anakuletea Petro, yule mtia kuni wa gari moshi. Mpe uji akifika, maana ameahidi kuwa tarishi wetu kila gari lake linaposimama stesheni yenu ya Gulwe.

Nimepata kazi. Kabla sijakuambia kwa nani, kaa chini kwanza. Ni nyumbani kwa Bwana Kamba, yule Mjerumani mwenye kamba ya kupimia, fundi mkuu wa maji ya reli, huyo huyo aliyezungushia waya kisima cha baba na kumweka askari mlangoni. Najua utasema nini. Lakini mvua ya mwaka huu haikujaza hata kwato za ng'ombe, uwele umekaukia shambani, na mama anakwenda hadi bonde la mbali kuchimba mchanga apate kibuyu kimoja cha maji ya tope. Ningekaa nikimtazama tu?

Kazi yenyewe ni ya ajabu. Bibi, mkewe Bwana, ana sanduku la kioo refu kama kitanda cha mtoto. Ndani yake mna udongo, mawe, makangaga, na majani mengine mafupi laini kama manyoya ya kifaranga yanayoota juu ya mawe. Aliyaleta kutoka kwao Ulaya kwa meli. Vumbi na upepo wa hapa vimemshinda Bibi, anapanda milima ya Usambara mpaka Oktoba. Majani hayawezi kwenda naye. Basi mimi ndiye mlezi wao.

Kila siku nachukua madebe mawili kisimani kwa ajili yao. Nimepewa kibati cha kumwonyesha askari. Maji kidogo huingia kwenye udongo, na mengi hulowanisha magunia yaliyotundikwa kuzunguka kioo ili upepo wetu usiyaguse majani. Tena Bibi ametaka nitengeneze kitu cha kuyanywesha chenyewe, mkono wa mtu usihitajike. Amesema kwao wanavyo. Akanichorea picha, nami sikuielewa.

Bwana Kamba yeye yuko njiani siku nyingi, reli imekwisha kupita Tabora, inajengwa kwenda mbele zaidi.

Usikasirike, dada.

Ndugu yako,
Bartolomayo Matonya


Mpwapwa
17 Juni 1913

Bartolomayo,

Marahaba. Petro amekunywa uji wangu na ninamtuma na hasira yangu, aibebe yote.

Nimekasirika. Baba alichimba kisima kile kwa jembe na mikono. Mimi nilikuwa nikivuta ndoo ya mchanga wewe ukiwa mgongoni kwa mama. Kilipotoa maji alichinja dume jeusi, na nchi nzima ikanywa, mtu wa Zuzu na mpita njia. Leo mwanawe anakwenda kisimani na kipande cha bati shingoni kama mbwa mwenye bwana, anachota maji, anampita mama yake mwenye kiu, anakwenda kuyamwagia magunia!

Umesahau Loti? Mume wangu aliwajengea tuta la reli mpaka akaanguka na homa, wakamfukia kando ya njia bila jiwe. Mimi gari likipita Gulwe nageuza uso. Sisi hatuna deni kwa watu wale, wala kwa majani yao.

Yaache yafe. Bibi akirudi mwambie nchi hii imeyakataa.

Na hicho kitu cha kujinywesha chenyewe, mbona ni kazi ndogo? Taa yangu hapa inakunywa mafuta usiku kucha kwa utambi, haina mtumishi wala askari. Yapewe utambi hayo majani, kisha wewe utoke katika nyumba hiyo uje nikutafutie kazi ya kufyatua matofali misheni.

Msalimu mama. Usimwambie nimekugombeza.

Dada yako,
Ruthu


Zuzu
6 Julai 1913

Dada Ruthu,

Shikamoo. Ulinitukana, na tusi lako limenisaidia. Utambi! Nilicheka peke yangu jikoni hadi mpishi akauliza kama nimepatwa na homa.

Kabla ya barua yako nilikuwa nimejaribu kutoboa debe kwa msumari na kulitundika juu ya sanduku lidondoke. Asubuhi nikakuta mawe yanaogelea na majani laini yameanza kunuka. Nikaziba tundu, nikatia bua la unyasi. Likapitisha maji kidogo, kisha likazibwa na takataka. Kangaga moja kubwa lilibadilika rangi likawa kama tumbaku. Nilijisikia vibaya, sijui kwa nini.

Sasa nimechukua utambi wa taa ya zamani ya Bwana. Nikaweka chungu cha mama juu ya kigoda, nje ya kioo, nikapitisha utambi katika tundu dogo la mbao zinazoshika kioo mpaka kwenye udongo. Unavuta kweli, dada, unavuta kama ndama! Lakini hauachi. Chungu kikaisha, udongo ukawa uji. Nimeupunguza unene, bado unazidisha. Nadhani kosa ni langu mahali fulani, siyo la utambi.

Maneno yako mengine nayakumbuka kila ninapokwenda kisimani. Kila jioni nawaona akina mama wa kwetu nje ya waya, wamekaa na vibuyu vitupu, wanamtazama askari anavyolijazia gari moshi tumbo lake. Nami nawapita na madebe yangu. Hawanisemi kitu. Bora wangenisema.

Ndugu yako,
Bartolomayo


Zuzu
3 Agosti 1913

Kwa Ruthu Matonya, Misheni, Mpwapwa.

Salamu. Petro amepelekwa kwenye magari ya Tabora, kwa hiyo nimempa barua hii karani wa hapa, mtu mwangalifu sana, aipitishe posta.

Nakuarifu kwamba utambi umeshindwa kabisa. Majani ya Bibi yana kiu kuliko ng'ombe wa Ugogo, na jua limekuwa kali. Nimemweleza Bwana nikamwomba debe la tatu kila siku, naye kwa wema wake amekubali. Ninayamwagilia kwa bidii. Yamenawiri. Natumaini Bibi atafurahi.

Bwana Kamba ni mtu wa haki. Ninafanya kazi yangu kwa utii.

Mama anakusalimu.

Bartolomayo Matonya


Mpwapwa
14 Agosti 1913

Bartolomayo,

Debe la tatu.

Nimeisoma barua yako mara nyingi nikitafuta ndugu yangu ndani yake. Mtu wa haki! Kwa wema wake! Ni nani aliyekushika mkono ukaandika hivyo?

Juzi wamepita hapa watu wa Zuzu wakienda Kibakwe kwa jamaa zao, kwa sababu huko milimani vijito bado vinatiririka. Walikuwa na ng'ombe wachache, mbavu tupu. Nikawauliza habari za nyumbani. Mwanamke mmoja aliposikia mimi ni dada yako alitazama chini, akasema, "Ndugu yako ni mzima," basi, akanyamaza. Nikajua maana ya kunyamaza kule. Anaona haya kuniambia.

Mimi nina watoto wa shule hapa ninaowafundisha kuandika. Nawaambia kalamu ni kwa ajili ya kusema kweli. Usiniandikie tena mpaka uwe umetoka katika nyumba ile.

Ruthu


Zuzu
24 Agosti 1913

Dada yangu,

Shikamoo, na unisikilize. Petro amerudi, barua hii iko ndani ya kofia yake. Ile nyingine karani aliifungua mbele yangu, akaisoma kwa sauti, akacheka, akaifunga. Nilijua ataifungua. Niliandika kwa ajili yake. Nilifikiri utanijua, hata hivyo umeniumiza, ila sikulaumu.

Utambi haukushindwa. Unafanya kazi vizuri kuliko nilivyoota.

Kosa lilikuwa kigoda. Chungu kilikuwa juu, kwa hiyo maji yalishuka tu, yatake yasitake. Nilipokiteremsha kikawa sawasawa na udongo, utambi ukaacha kumwaga. Udongo ukikauka, unavuta, ukilowa, unatulia. Kisha nikaona jambo jingine. Kioo kinatoa jasho. Asubuhi matone yanajaa juu yake, yanateleza, yanarudi kwenye udongo. Lakini mengi yalikuwa yanatoroka kwenye nyufa za mbao. Nikanunua nta kwa warina asali, nikaziba kila ufa. Basi! Sasa maji yale yale yanapanda na kushuka humo ndani, na chungu kimoja kinatosha siku nyingi. Magunia hayana kazi tena. Nayalowanisha siku ninaposikia Bwana anarudi.

Na madebe? Ninayachukua yote. Nampa askari salamu, namwonyesha kibati, napita katikati ya uwanja na madebe ya Bibi, naingia jikoni. Nyuma ya jiko kuna mfereji wa maji machafu unaopita chini ya ukuta hadi korongoni. Nimeukwangua na kuusugua na kuupanga mabati. Ninausafisha kuliko sahani za Bwana. Upande wa pili akina mama wanainama kama watu wanaochuma mlenda, vibuyu viko chini ya majani. Mimi namimina pole pole. Wao ndio wanaogawa, wenye kunyonyesha na wenye watoto wagonjwa wakitangulia. Mama yetu mara mbili amekataa zamu yake, mara ya tatu nikamtumia neno kwamba asipokunywa naacha kumimina. Akanywa, akanitukana kwa Kigogo kupitia mfereji huo.

Yule mwanamke aliyetazama chini mbele yako hakuona haya, dada. Alikuwa analinda siri.

Ndiyo maana niliomba debe la tatu. Na ndiyo maana Bwana Kamba, Bibi, karani na kila mtu lazima aamini kwamba majani haya yanakunywa kama tembo. Bibi ameandika kuuliza kama kitu chake kimefaulu. Nimemjibu kwamba hapana, nasikitika sana.

Ulisema niyaache yafe. Nakwambia yakifa, na maji yanakufa. Kwa hiyo yataishi!

Ndugu yako,
Bartolomayo


Mpwapwa
30 Agosti 1913

Mdogo wangu Bartolomayo,

Nisamehe. Nilipofika kwenye habari ya mfereji nilitoka nje nikasimama nyuma ya shule ili watoto wasinione.

Sasa nisikilize vizuri. Acha.

Najua ni mimi niliyekuchochea. Nilikuandikia maneno makali nikiwa huku mbali, kwenye kivuli cha misheni, mahali ambapo kiboko hakinifikii. Ni rahisi kuwa jasiri kwa wino. Lakini tangu nimejua unachofanya silali. Watu wale wana hamsa ishirini, viboko ishirini na vitano, kwa mtumishi aliyevunja sahani. Kwa mtu aliyewadanganya kila siku mbele ya uso wao watakuwa na nini? Mnyororo? Watakupeleka pwani tusikuone tena?

Loti pia alikuwa mtu wa kusema, "Usiogope, Ruthu." Mpaka leo sijui hata ni wapi kwenye tuta lile nilie.

Mwambie Bwana utambi umefaulu ghafla. Rudisha madebe. Mchukue mama, muende Kibakwe pamoja na wale wengine, mpaka mvua inyeshe. Kisima hakina miguu, kitatungoja. Wewe ukienda hutarudi.

Nakusihi kama dada, na kama ikibidi nakuamuru kama mkubwa wako.

Ruthu


Zuzu
11 Septemba 1913

Dada Ruthu,

Shikamoo. Amri yako nimeipokea kwa mikono miwili, na sitaitii.

Mtoto wa Raheli, yule jirani yetu mwenye tembe karibu na njia, alikuwa amelegea, macho yamezama. Juzi nimemsikia analia upande wa pili wa ukuta, analia kwa nguvu, kilio cha mtoto mwenye machozi. Unajua mtoto mkavu hana machozi. Sasa niende nikamwambie Bwana utambi umefaulu ghafla?

Wala mama hataki kwenda Kibakwe. Nilimsomea barua yako. Akasema, "Mwambie Ruthu mimi siwezi kukimbia kisima nilichopikia wachimbaji wake ugali."

Kweli kuna hofu. Bwana amepata habari kwamba Bibi amechoka na milima, anarudi mwisho wa mwezi huu. Akiona chungu kimejaa na majani yanameremeta atafurahi, atasema, na furaha yake itatumaliza. Kwa hiyo nitautoa utambi kabla hajafika, nifungue nyufa, niyaache yanyauke kidogo, nionekane mtu aliyepigana akashindwa.

Nitakuambia jambo ambalo ungenicheka ungekuwa hapa. Nachukia kufanya hivyo. Kangaga lile lililokuwa rangi ya tumbaku limetoa jani jipya, lilitoka limejikunja kama ngumi ya mtoto mchanga, nikalitazama likifunguka siku baada ya siku. Halikuja hapa kwa hiari yake, dada. Halikuzungushia kisima chetu waya. Lakini nitautoa utambi, usiwe na shaka.

Ndugu yako,
Bartolomayo


Zuzu
5 Oktoba 1913

Dada yangu,

Ninaandika nimelala kifudifudi, karatasi iko juu ya ngozi ya mbuzi, kwa hiyo usihukumu mwandiko. Petro atakuwa amekwisha kukueleza kwa mdomo. Ameahidi hatatia chumvi, lakini mimi namjua. Soma hapa.

Bibi hakungoja mwisho wa mwezi. Alipanda gari la mizigo na kufika siku nne kabla. Nilikuwa kisimani. Niliporudi na madebe nikamkuta ukumbini amepiga magoti mbele ya sanduku, kofia bado kichwani, anaangalia matone kwenye kioo. Akapiga makofi kama msichana. "Bartolomayo! Linajinywesha lenyewe! Kwa nini uliniandikia uongo?" Kisha akamwita mumewe aje aone. Hakuwa na nia mbaya. Ndiyo taabu yenyewe.

Bwana Kamba alitia kidole kwenye chungu. Akashika magunia, makavu. Akatazama madebe mikononi mwangu. Yule ni mtu wa kupima, nilimwona akipima.

"Madebe matatu kila siku," akasema. "Yanakwenda wapi?"

"Yananywewa, Bwana."

"Na nani?"

"Na wenye kiu."

"Nataka majina. Ukinipa majina ya wezi, wewe utapewa adhabu ndogo."

Sijui nilipata wapi sauti. Usidhani mimi ni simba, dada. Nikamwambia, "Kisima kile alikichimba Matonya, baba yangu. Andika jina hilo kwanza. Wezi tutawatafuta baadaye."

Bibi alisema maneno mengi kwa Kijerumani, kwa haraka. Bwana akamwita askari. Bibi akaingia chumbani akafunga mlango.

Nilipigwa uwanjani, mbele ya tangi la maji ya gari moshi, ili watu waone. Na watu waliona. Askari alipokuwa akihesabu, mimi nilikuwa nimegeuza uso upande wa waya, nikamwona mama anakuja na fimbo yake na kibuyu. Nyuma yake Raheli, mtoto mgongoni. Kisha wengine, wengine. Baada ya kila fimbo Bwana aliinama akauliza, "Majina?" Na mimi niliona nyuso zile zote, kila mmoja nalijua jina lake, nikayameza yote.

Walipomaliza nilidhani watu watatawanyika. Hawakuondoka. Walipenya waya wakaketi kati ya tangi na reli, vibuyu mapajani, kimya. Askari akafoka, akasukuma wawili watatu, wakarudi wakaketi. Wakata kuni wa reli walipoona mama zao na wake zao wameketi pale, waliweka mashoka chini. Gari la kutoka pwani likaja, likapiga filimbi, likapiga tena. Hakuna aliyeinuka, hakuna aliyepakia kuni, na mpira wa maji haukuweza kuvutwa juu ya vichwa vya watu. Petro anasema yeye mwenyewe ghafla aliumwa na tumbo. Ndani ya gari walikuwamo wakubwa waliovaa nyeupe, wanatoa vichwa madirishani na kutazama saa.

Bwana Kamba akamwendea mama, kwa kuwa alikuwa mbele. "Mwanamke, mnataka nini?"

Mama anajua Kiswahili kinapomfaa. Akasema, "Tunataka kuteka maji."

Jua lilikuwa limehama upande wa pili wa tangi Bwana alipokubali. Mlango wa waya unafunguliwa kila asubuhi mpaka gari la kwanza linapofika. Basi hivyo tu. Waya bado upo, askari bado yupo. Lakini mlango uko wazi, dada, na mtungi wa kwanza walioujaza waliniletea mimi nioshwe mgongo.

Mimi kazi sina. Bwana aliung'oa utambi kwa mkono wake akakivunja chungu.

Bartolomayo


Mpwapwa
9 Oktoba 1913

Mdogo wangu,

Siandiki mengi. Nimemwambia mkubwa wa shule kwamba naondoka, hakupenda, nikamwambia sikuja kuomba ruhusa. Petro atakuleta Gulwe juu ya magunia ya karanga, wenzangu watakubeba kwa machela hadi nyumbani kwangu, kuna dawa na kitanda kizuri. Mimi napanda gari la kutoka pwani kwenda kwa mama. Tutapishana njiani. Nitapita kando ya tuta la Loti na safari hii sitageuza uso.

Niliogopa nikakuambia uache. Nashukuru hukunitii.

Ruthu


Mpwapwa
26 Oktoba 1913

Dada Ruthu,

Shikamoo. Mgongo unapona, nalala ubavu. Watoto wako wa shule wanakuja kunitazama kama mnyama wa ajabu, nawafundisha hesabu.

Umeniandikia kwa kifupi kwamba Bibi alikuja kwenye tembe letu akilia, majani yanakufa, akataka nirudi nimtengenezee utambi mwingine, na kwamba ulimfukuza. Nimefikiri sana. Kurudi sirudi. Siku nitakayoingia tena katika nyumba ile itakuwa ni kwa kwenda kudai mlango uondolewe kabisa.

Lakini mfundishe, dada. Wewe ndiye uliyeutaja utambi kwanza. Mwambie chungu kiwe sawasawa na udongo, kisiwe juu. Utambi mwembamba. Nyufa zizibwe kwa nta. Sitaki majani yale yafe kwa ajili ya kosa la mtu mwingine. Ukikataa nitaumia kuliko mgongo.

Ila maji, mtu asimbebee. Nimewaomba mpishi na wengine wa nyumba ile kwa mdomo wa Petro, wamekubali. Anayetaka bustani achote.

Ndugu yako,
Bartolomayo


Zuzu
4 Novemba 1913

Mdogo wangu Bartolomayo,

Marahaba. Nimefanya ulivyosema, kwa shingo upande.

Nilikwenda mlango wa mbele, sikuzunguka jikoni. Bibi alifungua mwenyewe. Nikamwekea chungu kingine cha mama mahali pa kile kilichovunjwa, nikamkatia utambi, nikamwonyesha nta inavyokandwa kwa kidole. Ana mikono isiyojua kazi lakini si mjinga. Alipouliza ni nani atakayemletea maji, nikamjibu, "Kisima kiko wazi asubuhi, Bibi." Akamwita mpishi. Mpishi akamwambia mkono unamuuma. Mtunza farasi naye mkono unamuuma. Bwana Kamba yuko Tabora. Bibi akatutazama mikono, mmoja mmoja.

Leo asubuhi tulikuwa kwenye mstari, mama wa pili kutoka mbele, mimi nyuma yake. Mara maneno yakakatika. Nageuka, namwona Bibi anakuja na ndoo ya bati, kofia kubwa, viatu vyake vinazama mchangani. Uso umeiva kwa jua. Askari akaruka, akainyakua ndoo, akaja nayo mbele moja kwa moja mpaka mdomoni mwa kisima.

Mama akanyoosha fimbo yake, akaizuia ndoo. Hakupandisha sauti.

"Mwambie ashike nyuma ya Raheli," akaniambia kwa Kigogo.

Nilimwambia kwa Kiswahili. Askari alishika bunduki yake, akamtazama Bibi akingoja amri. Sitakudanganya, Bartolomayo. Niliwaza juu ya mgongo wako. Wanawake wote walisimama wima. Hakuna aliyesogea hata unyayo.

Bibi akanyoosha mikono, akachukua ndoo kutoka kwa askari, akatembea kando ya mstari wote huo mrefu hadi mwisho, nyuma ya Raheli. Akasimama juani kama sisi. Mtoto wa Raheli alimkazia macho kutoka mgongoni muda wote.

Zamu yake ilipofika alivuta mwenyewe. Akabeba kwa mkono mmoja, ameinama upande, maji yanaruka kwenye sketi. Tulimtazama njia nzima. Alipofika kwenye ngazi za nyumba yake ndoo ilikuwa imebaki nusu. Akaitazama. Akaingia akaimimina, akatoka tena na ndoo tupu, akarudi kisimani.

Hakuna aliyempisha. Alishika nyuma, akangoja.

Dada yako,
Ruthu Matonya